Paris 1973, Geneva 1988, Doha 2020: mikataba mitatu ya kutoka vitani, uchague upi?

Ukipewa kazi ya kueleza jinsi dola kubwa inavyojitoa katika vita vya mbali vilivyoichosha, iwe ni tasnifu, mdahalo wa chuo au somo la kidato cha sita, mikataba mitatu ndiyo itakayokujia kwanza. Wa Paris uliowaondoa Wamarekani Vietnam, wa Geneva uliowaondoa Wasovieti Afghanistan, na wa Doha uliowaondoa Wamarekani katika Afghanistan hiyohiyo miaka 32 baadaye. Wengi huishia kuchukua Paris kwa sababu maandishi yake yamejaa kila mahali. Yapo maswali ambayo Paris inayajibu vizuri kuliko mingine, na yapo ambayo ukiyapeleka Paris utarudi mikono mitupu.

Hapa tunaipima kwa swali moja: siku askari wa mwisho wa kigeni alipoondoka, serikali iliyokuwa ikilindwa ilibaki na nini ghalani, na nani alikuwa anaendelea kulijaza ghala hilo? Ukisoma vifungu peke yake, yote mitatu inapendeza.

| | Paris | Geneva | Doha |
|---|---|---|---|
| Ulisainiwa | 27 Januari 1973 | 14 Aprili 1988 | 29 Februari 2020 |
| Waliosaini | Marekani, Hanoi (Vietnam Kaskazini), Saigon (Vietnam Kusini) na Serikali ya Muda ya Mapinduzi (ya wapiganaji wa Ukombozi wa Kusini) | Afghanistan na Pakistani; Marekani na Wasovieti wakawa wadhamini | Marekani na Taliban |
| Muda wa kuondoka | Siku 60 | Miezi 9 | Miezi 14 |
| Askari wa mwisho | 29 Machi 1973 | 15 Februari 1989 | 30 Agosti 2021 |
| Serikali ilianguka | 30 Aprili 1975 | Aprili 1992 | 15 Agosti 2021 |
| Ilidumu peke yake | Miaka 2 na mwezi 1 | Miaka 3 na miezi 2 | Haikufika: siku 15 kabla ya ndege ya mwisho |

Angalia mstari wa mwisho wa jedwali. Mwishoni mwa Januari 1989 Marekani iliufunga ubalozi wake Kabul, ikitarajia serikali ya Rais Najibullah, iliyokuwa ikilindwa na Wasovieti, ianguke muda si mrefu. Ndiyo iliyodumu kuliko zote tatu, tena kwa mkataba ambao kwa maandishi ndio ulio dhaifu zaidi.

Meza, vyumba na bendera

Mazungumzo ya Paris yalianza Mei 1968. Ilipoamuliwa kwamba Saigon na wapiganaji wa Ukombozi wa Kusini nao waingie, ugomvi ukahamia kwenye umbo la meza, ukadumu hadi 16 Januari 1969, siku nne kabla Nixon hajaapishwa kuwa rais wa Marekani. Hanoi ilitaka umbo litakaloonyesha pande nne, ili wapiganaji wa Kusini wahesabike kuwa upande kamili. Saigon ilitaka pande mbili tu, ili wapiganaji hao waonekane ni mkono wa Hanoi. Suluhisho likawa meza moja kubwa ya duara isiyo na bendera wala vibao vya majina, na meza mbili ndogo za makarani zenye pembe nne, zimewekwa pande mbili zinazotazamana, sentimita 45 kutoka ile kubwa. Anayetaka kuona pande mbili alizitazama meza ndogo, anayetaka kuona pande nne aliitazama ile ya duara.

Watu huicheka habari hii, lakini usiipite haraka. Swali lililokuwa chini ya meza ile, nani ni serikali halali ya Kusini, halikujibiwa hata siku ya kusaini. Mwaka 1973 ilibidi ziandaliwe nakala mbili: moja ya pande nne isiyoitaja Serikali ya Muda ya Mapinduzi kwa jina katika maandishi yake, na nyingine iliyosainiwa na Marekani na Hanoi peke yao ikiitaja. Meza ilivyokwepa ndivyo karatasi nayo ilivyokwepa.

Geneva walilikwepa swali hilo kwa vyumba. Pakistani haikuitambua serikali ya Kabul, kwa hiyo tangu Juni 1982 mpatanishi wa Umoja wa Mataifa, Diego Cordovez, alikuwa akichukua neno kutoka kwa ujumbe mmoja na kulipeleka kwa mwingine. Mujahidina, yaani wapiganaji wa Kiislamu waliokuwa wakipigana hasa na serikali ya Kabul, hawakuwamo. Waliukataa mkataba, na kisheria haukuwafunga.

Doha ilikuwa zamu ya bendera. Taliban walipofungua ofisi yao huko Juni 2013, walipandisha bendera na kutundika kibao cha Emirati ya Kiislamu ya Afghanistan kana kwamba ni ubalozi. Rais Karzai wa Afghanistan alikasirika, vikashushwa, na mazungumzo yakakwama. Miaka saba baadaye jina lilelile likaingia kwenye mkataba wenyewe, likiwa na mkia mrefu: Emirati ya Kiislamu ya Afghanistan ambayo Marekani haiitambui kuwa dola na inayojulikana kama Taliban. Mkia huo umerudiwa kila jina linapotajwa. Maandishi yote ni kurasa nne tu, kwa hiyo yachapishe na umpe mwanafunzi kalamu nyekundu azungushie kila mahali jina linapotokea. Kisha mwambie azungushie kila mahali serikali ya Kabul inapotajwa kwa jina lake rasmi kama mshirika wa mkataba. Kalamu haitapata kazi.

Kalenda

Anayejitoa vitani ana kitu kimoja ambacho mpinzani wake anakitaka kwa hakika, nacho ni tarehe. Akishaitaja, kilichobaki mkononi mwake ni kidogo. Mikataba yote mitatu ilitaja tarehe. Tofauti ni kwamba kila mmoja ulipewa kitu tofauti badala yake.

Paris, Marekani ilipata wafungwa wake wa kivita. Vifungu vya 5 na 8 vilifungwa pamoja: siku 60 za kuondoka ni siku 60 hizohizo za kuwarudisha wafungwa. Wamarekani 591 walirudi kati ya Februari na mwanzoni mwa Aprili 1973. Hii ndiyo sehemu iliyofanya kazi vizuri kuliko zote, na sababu yake si nia njema. Kila kundi la wafungwa lililingana na kundi la askari wanaoondoka, upande mmoja ukichelewa mwingine unasimama. Hapohapo tazama kilichoachwa: askari wa Kaskazini waliokuwa tayari ndani ya Kusini, kwa makadirio ya Wamarekani kama 140,000 au zaidi, hawakutakiwa kuondoka. Mkataba umenyamaza kuhusu wao. Rais Thieu wa Saigon alipoletewa rasimu Oktoba 1972, imeshaiva, alikiona kimya hicho mara moja na akadai mabadiliko 69.

Geneva, ratiba ilikuwa nzito mwanzoni: kuanza 15 Mei 1988, nusu ya jeshi iwe imetoka ifikapo 15 Agosti, na wote ifikapo 15 Februari 1989. Wasovieti waliitimiza kwa siku yake. Jenerali Boris Gromov alivuka daraja la mto Amu Darya kwa miguu mbele ya kamera siku hiyo ya mwisho. Walichopata badala ya tarehe ni heshima ya kuondoka kwa mpango, na hawakujifunga kuacha kumsaidia Najibullah. Marekani nayo ilitangaza kwamba itaendelea kuwapa mujahidina silaha maadamu Moscow inaipa Kabul. Kwa hiyo siku ya kusaini kila mtu alijua kwamba ahadi ya kutoingiliana ilikuwa ya kwenye karatasi.

Doha, ratiba ilikuwa hivi: ndani ya siku 135 askari wapungue hadi 8,600 na kambi tano zikabidhiwe, na waliobaki watoke katika miezi tisa na nusu inayofuata. Badala yake Taliban waliahidi kutoruhusu al-Qaeda na wenzao kuitumia ardhi ya Afghanistan kuishambulia Marekani au washirika wake. Usitishaji kamili wa mapigano haukuwa sharti. Uliandikwa kuwa moja ya mada za mazungumzo ya Waafghani wenyewe, yaliyopangwa kuanza 10 Machi 2020 na yakaanza 12 Septemba. Katikati ya kuchelewa huko kulikuwa na wafungwa hadi 5,000 wa Taliban. Marekani iliahidi wataachiwa, ilhali funguo za magereza zilikuwa kwa Rais Ashraf Ghani ambaye hakusaini chochote na Taliban. Siku moja tu baada ya saini Ghani alisema hadharani kwamba hakuahidi kuwaachia. Akabanwa hadi akawaachia, na 400 wa mwisho ilibidi aitishe Baraza Kuu la Loya Jirga ili lawama igawanywe. Kuahidi mali ya mtu mwingine kuna gharama, na hapa aliyelipa hakuwa aliyeahidi.

Waangalizi

Hapa hakuna cha kukaa sana. Paris iliunda tume ya Kanada, Hungaria, Indonesia na Polandi, na maamuzi yake yalitaka wote wanne wakubaliane. Wawili walikuwa kambi ya Mashariki, basi hesabu imejifanya yenyewe. Kanada ilijitoa katikati ya 1973, nafasi ikachukuliwa na Iran. Geneva ilikuwa na maofisa wa kijeshi 50 wa Umoja wa Mataifa, wengi wao wazuri wa kuhesabu magari yanayotoka, lakini idadi isiyotosha kulinda mpaka wa milima kati ya Pakistani na Afghanistan. Doha haikuwa na tume ya nje kabisa, na viambatisho vyake havikuwekwa wazi. Ukitaka kuandika kuhusu usimamizi wa amani, chukua Paris, kwa kuwa ndiyo pekee yenye nyaraka za kutosha za kushindwa kwake.

Ghala

Sasa twende kwenye jambo lenyewe.

Kabla ya Paris, mwishoni mwa 1972, Marekani ilimimina Saigon ndege, vifaru na mizinga kwa haraka. Sababu ilikuwa kifungu cha 7: baada ya saini, silaha zingeweza tu kubadilishwa moja kwa moja, kilichoharibika kwa kinachofanana nacho. Kilichokuwa ghalani siku ya saini ndicho kilichokuwa dari. Jeshi la anga la Saigon likawa kwa idadi ya ndege miongoni mwa makubwa zaidi duniani. Lakini ndege inataka mafuta, vipuri na fundi, na vyote vitatu vilitoka Marekani. Msaada wa kijeshi ulikuwa zaidi ya dola bilioni 2 katika mwaka wa bajeti wa 1973. Kwa mwaka wa 1975 Bunge la Marekani likapitisha milioni 700. Katikati yake, baada ya Oktoba 1973, bei ya mafuta duniani ilipanda karibu mara nne, kwa hiyo hata hizo milioni 700 hazikununua kile ambacho zingenunua mwanzo. Jeshi lililofundishwa kupigana Kimarekani, kwa helikopta na mizinga isiyohesabiwa, likaambiwa lihesabu makombora. Mapema Januari 1975 Hanoi iliteka mkoa wa Phuoc Long kama mtu anayegonga mlango kuona kama kuna mtu ndani. Hakuna aliyeitika. Miezi minne baadaye vifaru vilikuwa langoni mwa ikulu ya Saigon.

Najibullah alikuwa na jeshi duni kuliko la Saigon na nchi yenye vijiji vingi visivyomtii. Alichokuwa nacho ni mfereji usiokatika. Ngano, mafuta, fedha na risasi viliendelea kuingia kwa malori kupitia njia ya Salang na kwa ndege hadi Kabul, na wataalamu wa Kisovieti wa makombora ya Skadi walibaki. Machi 1989, mwezi mmoja tu baada ya Gromov kuvuka daraja, mujahidina walishambulia Jalalabad wakidhani litaanguka kama embe bivu. Walipigana wiki kadhaa wakashindwa. Kwa fedha hizohizo Najibullah aliwanunua makamanda wa mikoani, mkubwa wao akiwa Abdul Rashid Dostum na wanamgambo wake wa Kiuzbeki. Chama kikabadilishwa jina, lugha ya ukomunisti ikapunguzwa, na mwaka 1990 jaribio la mapinduzi la waziri wake wa ulinzi, Tanai, likazimwa.

Kisha angalia tarehe. Septemba 1991, baada ya jaribio la mapinduzi la Moscow la Agosti, Marekani na Wasovieti walikubaliana kuacha kuzipa silaha pande zote mbili kuanzia 1 Januari 1992. Desemba Umoja wa Kisovieti wenyewe ukafa. Wanamgambo wanaolipwa hawana deni na asiyelipa, na katika miezi ya kwanza ya 1992 Dostum alihama. Aprili serikali ikaanguka. Najibullah alikimbilia jengo la Umoja wa Mataifa Kabul akakaa humo hadi Septemba 1996, Taliban walipomtoa na kumuua.

Doha ndiyo ilikata mfereji kwa maandishi. Kifungu cha kwanza hakiwataji askari peke yao. Kinawataja pia wakandarasi wa ulinzi, wakufunzi, washauri na watoa huduma. Msomaji wa haraka hupita juu ya maneno hayo. Fundi wa ndege asingeyapita. Jeshi la anga la Afghanistan lilikuwa limezoea helikopta za Kirusi za Mi-17, ambazo mafundi wake wenyewe waliweza kuzifungua na kuzifunga. Marekani ikazibadilisha kwa Black Hawk, ambazo matengenezo yake yalitegemea wakandarasi. Wakandarasi walipoondoka 2021, mafundi Waafghani waliachwa kuelekezwa kwa simu ya video. Bila ndege, vituo vya mbali havikupata chakula, risasi wala njia ya kuwatoa majeruhi. Kwenye karatasi askari na polisi walikuwa zaidi ya 300,000, wengi wakiwa majina hewa ya kuchukulia mishahara. Bagram, kambi kuu ya Marekani, iliachwa usiku mwanzoni mwa Julai. Zaranj, mji mkuu wa kwanza wa mkoa kutekwa, ulianguka 6 Agosti, na Kabul ikaanguka siku tisa baadaye. Watu zaidi ya 120,000 walisafirishwa kwa ndege, na kundi dogo la 51 lilitua Entebbe 25 Agosti kwa ombi la Marekani.

Ahadi za pembeni

Ukichunguza uongozi, usiishie kwenye maandishi rasmi. Nixon alimwandikia Thieu barua kwa siri, moja ya tarehe 5 Januari 1973, akiahidi kwamba Hanoi ikivunja mkataba Marekani itajibu kwa nguvu zote. Bunge halikuambiwa. Likakata fedha za mapigano yote ya Indochina kuanzia 15 Agosti 1973, na Nixon mwenyewe akajiuzulu Agosti 1974. Mwenye barua hakuwa na ofisi, na mwenye ofisi, Gerald Ford, hakuwa na fedha. Ahadi ya rais mmoja isiyopita bungeni ina umri wa rais huyo tu, na Thieu aliitegemea kama dhamana ya benki.

Gorbachev, kiongozi wa Wasovieti, alikuwa na nafuu ya aina nyingine. Vita alivirithi, akaviita Februari 1986 kidonda kinachovuja damu, na hakuwa na bunge la kumkatia bajeti. Ndiyo maana aliweza kutoa askari na kubakiza ghala kwa wakati mmoja. Anayesema Moscow ilifaulu kwa busara kuliko Washington asisahau hilo.

Serikali ya Trump ilisaini Doha na kupunguza askari hadi 2,500 ifikapo Januari 2021, mazungumzo ya Waafghani yakiwa hayajafika popote. Biden akakuta tarehe ya 1 Mei imeandikwa na kikosi kisichotosha kupigana iwapo tarehe itavunjwa. Tarehe 14 Aprili alitangaza kuondoka, bila masharti. Mjadala wa nani wa kulaumiwa kati yao ni wa wapiga kura wa Marekani. Kwa mwanafunzi wa diplomasia, cha kutazama ni jinsi mtangulizi anavyoweza kumfungia mrithi wake milango yote isipokuwa mmoja.

Uchague upi

Kama mada yako ni majadiliano yenyewe, yaani namna ya kuunganisha madai, njia ya siri sambamba na ya wazi, na kutumia mabomu kushinikiza kama yale ya 18 hadi 29 Desemba 1972, chukua Paris. Kosa la kawaida hapa ni kuhitimisha kwamba mabomu ya Krismasi yalileta mkataba mpya. Weka rasimu ya Oktoba na maandishi ya Januari pembeni kwa pembeni, kifungu kwa kifungu, uone ni machache kiasi gani yaliyobadilika.

Kama mada ni kumtelekeza mshirika, chukua Doha. Ni fupi, inasomeka kwa kikao kimoja. Ila soma pia tamko la pamoja la Marekani na serikali ya Kabul la siku ileile, ambalo wengi hulisahau. Humo ndimo Ghani alimopewa maneno ambayo hakupewa Doha, na tofauti kati ya karatasi hizo mbili, hasa kuhusu wafungwa, ndiyo iliyochelewesha kila kitu kwa miezi sita.

Na kama unataka kujua ni nini hasa kinachoishikilia serikali iliyoachwa, chukua Geneva, hata kama vitabu vyake ni vigumu kupata. Usianze na 14 Aprili 1988. Anza na 1 Januari 1992, urudi nyuma mwezi kwa mwezi ukihesabu malori.